Kwa nini simkalishi mtu kitini aeleze yaliyomkuta

Mashirika mengi yanayoniita nipige filamu hapa Mombasa huwa na picha yao tayari: mama aliyepigwa na mumewe akae kitini, dirisha liwe nyuma yake, maiki ibanwe kwenye leso, aulizwe ilikuwaje. Akianza kulia, kamera isogee. Kazi ya namna hiyo huikataa, na kila mara naulizwa: sasa utaonyesha nini?

Huwa nawawekea Sisters in Law, filamu ya hali halisi ya mwaka 2005 ambayo Kim Longinotto wa Uingereza aliiongoza pamoja na Florence Ayisi wa Kamerun. Imepigwa Kumba, mji wa Kamerun, ofisini kwa mwendesha mashtaka Vera Ngassa na mahakamani kwa hakimu Beatrice Ntuba. Yumo mtoto wa miaka sita aliyemtoroka shangazi yake kwa sababu ya kipigo. Hahojiwi na kamera. Analetwa ofisini, makovu yanafunuliwa, na shangazi anatakiwa ayatazame kwa macho yake. Ukitazama unajikuta humwonei mtoto huruma tu. Unamsubiri shangazi ajibu. (Uso wa mtoto, ningekuwa mimi, ningeuficha. Hilo tunabishana sana na wenzangu.)

Ndiyo njia ya Longinotto: humfuata mnyonge mahali alipokwenda kudai kitu. Mahakama ya familia Tehran, kliniki, ofisi ya serikali. Pale mtu ana shida yake na ana wa kumweleza, mwenye uwezo wa kumsaidia. Hazungumzi nasi watazamaji, kwa hiyo hana haja ya kutupangia machozi. Kwenye kile kiti cha dirishani anatuambia sisi, ambao hatuwezi kumfanyia lolote.

Vifaa navyo vina sehemu yake. Longinotto hushika kamera mwenyewe, na mwenzake wa karibu ni mtu wa sauti; basi. Kwa muda mrefu alipiga kwa filamu ya milimita 16, ambayo rola moja ya kawaida huisha kama dakika 11. Huwezi kuiacha ikizunguka tu, lazima uamue ni saa ngapi uwashe. Sisi na memori kadi zetu tunawasha asubuhi na kuzima jioni, halafu tunajisifu kwamba watu wametuzoea. Wengine hawajatuzoea, wamechoka tu kutufukuza.

Iliyonisumbua zaidi ni ile aliyopiga hapa kwetu Kenya, The Day I Will Never Forget, ya 2002, kuhusu ukeketaji. Kuna wasichana wanaokeketwa na tunasikia vilio vyao. Wapo wanaosema kamera ingezimwa pale. Mimi nasema ingekuwa aibu kusikia vilio hivyo peke yake, lakini filamu ile ile ina wasichana wa Kimarakwet waliokwenda mahakamani kuwazuia wazazi wao, na ina mtoto anayesoma shairi lake kuhusu siku aliyokatwa. Kwetu Pwani hili halihitaji maelezo: mtoto hamgombezi mkubwa, lakini shairi linasikilizwa mpaka mwisho. Alikuwa na jambo la kusema, na alilisema kwa njia ambayo mkubwa hawezi kuikatiza.

Linalotukabili sasa ni simu. Filamu za wakati ule zilikwenda kwenye matamasha na runinga za mbali. Ninachopiga Kisauni leo kinaweza kuwa kwenye WhatsApp ya shemeji kabla ya magharibi, kimekatwa sekunde 30, bila mwanzo wala mwisho. Fomu ya ridhaa iliyosainiwa kwa haraka, tena kwa Kiingereza, haimkingi mtu na hilo. Kwa hiyo kabla ya mteja kuona chochote, nampelekea mwenye habari filamu nyumbani kwake, kwenye laptopu, atazame na yeyote amtakaye. Mara nyingi hawakatai yale machungu. Wanakataa vitu ambavyo sikuvidhania: sufuria ambazo hazijaoshwa, jina la mtaa, mtoto aliyepita nyuma bila shati. Akisema kitoke, kinatoka, na haki hiyo naiandika kwenye mkataba na shirika kabla sijachukua malipo ya kwanza. Yako mashirika ambayo yakifika kwenye kifungu hicho hayanipigii simu tena.