Nyayo za Laetoli: kwa nini zimefukiwa tena

Wageni wanaotembelea makumbusho ya Bonde la Olduvai huoneshwa nakala ya nyayo za zamadamu, na swali huja palepale: zenyewe ziko wapi? Ziko Laetoli, kilomita 45 hivi kusini mwa bonde hilo, chini ya mchanga na mawe. Wengine hunung'unika. Nawaelewa, maana mtu ametoka mbali.

Miaka milioni 3.66 iliyopita, majivu ya volkano yalitanda eneo lile. Mvua ya rasharasha ikayalowesha, na hata vishimo vya matone yake vimebaki. Yakawa kama saruji mbichi. Wakapita tembo, twiga, sungura na kanga, na zamadamu nao wakapita. Yakakauka, majivu mengine yakayafunika.

Mwaka 1978 timu ya Mary Leakey, mtafiti wa mambo ya kale, ilifunua msururu wa nyayo hizo wenye urefu wa mita 27 hivi. Utazame unyayo mmoja kwa makini. Kisigino kimedidimia, na kidole gumba kimelala sambamba na vidole vingine, hakikuchepuka kando kama cha sokwe. Ukikanyaga mchanga mbichi wa ufukweni utaacha alama inayokaribiana sana na ile. Wataalamu wengi wanaamini ni nyayo za zamadamu aitwaye Australopithecus afarensis, ambaye ubongo wake haukuzidi sana ule wa sokwe. Kwangu hapa ndipo penye uzito: zana za mawe za kale kuliko zote tunazozijua, za Lomekwi nchini Kenya, zina miaka milioni 3.3. Kumbe babu zetu walitembea wima kwanza, ubongo ukaja kukua baadaye sana.

Tatizo ni kwamba mwamba ule wa majivu ni laini, na mvua huumomonyoa. Zilipofukiwa mara ya kwanza, udongo uliotumika ulikuwa na mbegu za migunga. Miti ikaota, mizizi ikaanza kuzifuata nyayo. Katikati ya miaka ya 1990 Idara ya Mambo ya Kale na Getty Conservation Institute, taasisi ya Marekani ya uhifadhi wa urithi, wakazifunua, wakaondoa mizizi kwa uangalifu, kisha wakazifukia upya kwa mchanga, vitambaa maalumu vya kuzuia mizizi, na mawe juu.

Na ardhi ile haijamaliza kusema. Mwaka 2016 watafiti wakiongozwa na Watanzania walitangaza nyayo nyingine, mita 150 hivi kutoka zile za kwanza. Zilionekana kwenye mashimo yaliyochimbwa kukagua eneo lililokusudiwa kujengwa makumbusho. Mmoja wa waliozikanyaga anakadiriwa kuwa na kimo cha sentimita 165, na hatua zake zinaelekea upande uleule walikoelekea wale wa 1978.