Saa 1 na dakika 45 si saa 1.45

Kanuni yenyewe kila mwanafunzi anaijua: umbali ni mwendokasi mara muda. Alama zinapotelea kwingine kabisa, kwenye nukta.

Dhana: Saa 1 na dakika 45 huandikwa 1.45.

Ukweli: Ni 1.75. Desimali huenda kwa kumi, dakika huenda kwa sitini, utaratibu tuliorithi kwa Wababeli wa kale. Kwa hiyo gawanya kwanza dakika kwa 60: 45 ÷ 60 = 0.75. Basi linalokwenda kilomita 80 kwa saa litakuwa limetembea 80 × 1.75, yaani kilomita 140. Aliyeandika 1.45 atapata 116. Kilomita 24 zimemponyoka, na kuzidisha kwake hakuna kosa hata moja! Ndiyo maana kosa hili linaniuma kuliko mengine yote: mtoto anarudia kuzidisha mara tatu, na jibu linatoka lilelile.

Mtazame Eliud Kipchoge kule Vienna, Oktoba 2019. Alikimbia kilomita 42.195 kwa saa 1, dakika 59 na sekunde 40, wastani wa kilomita 21.16 hivi kwa saa. Ukizidisha 21.16 × 1.59 unapata kilomita 33.6, kana kwamba aliishia njiani. Fanya hivi: dakika 59 na sekunde 40 ni sekunde 3,580, gawanya kwa 3,600, upate 0.9944. Sasa 21.16 × 1.9944 inakupa 42.2, marathoni nzima.

Dhana: Ukizidisha, jibu lazima liwe kubwa zaidi.

Ukweli: Basi lilelile likienda dakika 45 tu, 80 × 0.75 = 60. Wapo wanaoona 60 ni ndogo kuliko 80, wanafuta, wanagawanya na kupata 106.7. Lakini gari la kilomita 80 kwa saa litafikaje kilomita 106 kabla hata saa moja haijatimia?

Dhana: Nukta lazima zipangwe zitazamane, kama kwenye kujumlisha.

Ukweli: Kwenye kuzidisha haihitajiki. Chukua kilomita 62.5 kwa saa, kwa muda wa saa 1.6: 62.5 × 1.6. Weka nukta kando: 625 × 16 = 10,000. Tarakimu zilizo baada ya nukta ni mbili kwa jumla, ile 5 na ile 6, hivyo hesabu nafasi mbili kutoka kulia: 100.00. Sifuri zisifutwe kabla nukta haijakaa mahali pake. Anayezifuta mapema anabaki na 1, na nafasi mbili zinampeleka kwenye 0.01. Kadirio la haraka lingemshtua: kilomita 60 kwa saa, kwa muda wa saa moja na nusu, ni 90, kwa hiyo jibu liko jirani na hapo.

Na wastani nao una mtego wake. Ukienda kwa 60 na kurudi kwa 40, wengi husema wastani ni 50. Ni 48. Njia ikiwa kilomita 120, kwenda ni saa 2 na kurudi saa 3. Kilomita 240 kwa saa 5.