Je, wajua? Swali la mbuzi lililozaa Vita vya Wanawake wa Nigeria

Novemba 1929, katika kijiji cha Oloko, kusini-mashariki mwa Nigeria, mama mmoja aitwaye Nwanyeruwa alikuwa nyumbani kwake akikamua mawese. Watu wa Kigoma hawahitaji kusimuliwa kazi hiyo: chikichi zichemshwe, zitwangwe, zikamuliwe, na hadi umalize mikono imeshageuka rangi mpaka viwikoni. Akaingia mwalimu wa shule ya misheni, Mark Emereuwa, aliyetumwa na chifu Okugo kuandikisha watu. Akamtaka Nwanyeruwa ahesabu mbuzi wake, kondoo wake na watu wa nyumba yake.

Nwanyeruwa akamrudishia swali: "Na mama yako, naye alihesabiwa?"

Wakakabana, yeye na mikono yake ya mawese. Alipochomoka akakimbilia walikokuwa wanawake wenzake. Haukupita mwezi, eneo la karibu kilomita za mraba 15,000, lenye wakazi kama milioni mbili, lilikuwa limewaka. Mahakama zilichomwa, machifu walivuliwa kofia zao za cheo, askari walifyatua risasi, na wanawake zaidi ya 50 walikuwa wameuawa. Waingereza waliandika kwenye majalada yao kwamba zilikuwa "Ghasia za Aba". Wenyeji wa huko, Waigbo, wanaviita Ogu Umunwanyi, na majirani zao Waibibio wanaviita Ekong Iban, na majina yote mawili maana yake ni moja: vita vya wanawake.

Sasa swali lenyewe. Inakuwaje kuulizwa idadi ya mbuzi kuzae vita?

Turudi nyuma miaka mitatu. Mwaka 1926 maofisa walipita vijijini wakihesabu wanaume. Walioulizwa hesabu hiyo ni ya nini hawakuambiwa kuwa ni ya kodi. Mwaka 1928 kodi ikaja, na kila mwanamume mtu mzima akatakiwa kulipa. Kwa hiyo watu walikuwa wameshajifunza somo: serikali ya mzungu ikikuhesabu leo, kesho inakudai. Mwaka uliofuata, ofisa mmoja aliyekaimu wilaya ya Bende, ambamo Oloko ilikuwemo, aliona orodha za zamani zina mapungufu, akaamuru hesabu irudiwe, safari hii wakiwemo wanawake, watoto na mifugo. Huenda kwake ilikuwa kazi ya makaratasi tu, ya kujazia safu zilizobaki wazi. Kwa mwanamke wa Oloko, kalamu iliyoandika jina la mumewe mwaka 1926 ndiyo ileile iliyokuwa inamjia yeye.

Kuhesabu watu huru kulikuwa na mkosi wake pia. Hili hata sisi tunalielewa, maana wako wazee wetu ambao ukiwauliza wana watoto wangapi watakujibu tu, "Mungu amenijalia." Baadaye, mbele ya tume ya uchunguzi, wanawake walijifananisha na miti izaayo matunda, wakauliza kwa nini anayezaa ahesabiwe.

Hofu ya kodi peke yake, hata hivyo, haitoshi kueleza hasira ile. Hasira ilikuwa na sura, na sura hiyo ilikuwa ya chifu.

Frederick Lugard, aliyeunganisha Nigeria ya kaskazini na ya kusini kuwa koloni moja tarehe 1 Januari 1914, alikuwa na mfumo alioupenda mno: mzungu anatawala kupitia watawala wa asili. Kaskazini mfumo huo ulikuta mteremko, kwa kuwa watawala wa Kiislamu wa Sokoto, Kano na kwingineko walikuwa na mahakama, watoza kodi na wapanda farasi wao. Ulipofika kusini-mashariki uligonga mwamba. Waigbo wana msemo, *Igbo enwe eze*, yaani Waigbo hawana mfalme. Msemo huo hauna ukweli kila mahali, kwa sababu Onitsha na Nri walikuwa na wafalme wao, lakini vijiji vingi viliendeshwa na vikao: vya wazee, vya marika, vya koo, na vya wanawake. Mtu alipata usikivu kwa hoja yake na kwa sifa yake, na hakuna aliyekuwa na mamlaka ya kuwaamuru wenzake wakaitika tu.

Waingereza walipokosa mfalme, wakatengeneza. Walimchagua mtu, wakampa hati iliyomruhusu kukaa mahakamani na kuamua kesi, wakamwita chifu. Ndiyo maana wanahistoria huwaita machifu wa hati. Wengine waliochaguliwa hawakuwa na heshima yoyote kijijini, na wapo waliojitokeza tu siku ambayo wenye heshima walijificha. Siku moja ni jirani, kesho yake ana kofia, ana mahakama, ana watarishi wa kukukamata. Malalamiko dhidi yao yalifanana kila mahali: rushwa kwenye kesi, viazi vikuu na mbuzi kuchukuliwa bure, wasichana kuolewa bila mahari kamili. Na kwenye mahakama hizo hakuwemo mwanamke hata mmoja.

Halafu kuna bei. Kwa desturi ya Waigbo wengi, mafuta ya mawese yalikuwa ya mume na kokwa zilikuwa za mke, japo kazi ya kukamua ilikuwa ya mke yote. Mwaka 1929 bei ya mazao hayo ilikuwa inaporomoka. Kodi ya mume haikuporomoka, na nyumba nyingi ilibidi mke achangie ili mumewe asifungwe. Anayesema wanawake walikuwa hawalipi kodi kabla ya 1929 ameangalia jina lililo kwenye risiti tu.

Lakini sababu zote hizo zingeweza kuishia kwenye manung'uniko ya sokoni. Kilichozigeuza kuwa vita ni kitu ambacho Waingereza walikuwa wakikipita kila siku bila kukiona: wanawake walikuwa na serikali yao.

Kila kijiji kilikuwa na kikao cha wake wote walioolewa pale. Humo walipanga bei za sokoni, walisuluhisha magomvi, na waliweka adhabu. Mwanamume aliyempiga mkewe kupita kiasi, au aliyeachia ng'ombe wake wale mazao ya wanawake, alijua kinachomngoja. Kwetu ukisema watu wamemkalia mtu kikao, mara nyingi ni kumjadili akiwa hayupo. Waigbo walimkalia akiwepo. Wanawake walijikusanya, wakaenda hadi uani kwake, wakaimba nyimbo za kumwaibisha zinazotaja kosa lake waziwazi, wakacheza, wakagonga kuta za nyumba yake kwa michi ya kutwangia. Asipoelewa, waliipaka nyumba matope au kuibomoa paa. Usiku mzima. Mume wa mtu mwingine hakuingilia, kwa sababu hakutaka zamu yake ifike. Hawakuondoka mpaka mkosaji aombe radhi na kuahidi kubadilika.

Na mtandao wao ulivuka kijiji. Mwanamke wa Kiigbo aliolewa nje ya kijiji alikozaliwa, kwa hiyo alikuwa mjumbe wa sehemu mbili: alikuwa mke kule, na binti wa ukoo huku. Ongeza masoko yaliyozunguka kwa juma lao la siku nne, Eke, Orie, Afo na Nkwo, ambako habari ilipita mkono kwa mkono pamoja na pilipili na chumvi. Mwaka 1925, miaka minne kabla ya Oloko, makundi ya wanawake yalikuwa yamepita vijijini yakicheza na kufagia nyua za watu huku yakitangaza ujumbe wa kurudia desturi. Maofisa waliliona jambo lile kama kituko, wakaendelea na kazi zao.

Kwa hiyo Nwanyeruwa alipotoka mbio hakuwa anakimbia kuomba msaada. Alikuwa anapeleka hoja kikaoni. Wanawake wa Oloko walikuwa wameshazungumza juu ya uvumi wa kodi na kukubaliana wangoje: wakimwona mmoja wao ameguswa, ndipo watajua uvumi ni kweli. Sasa ushahidi ulikuwa umesimama mbele yao. Makuti ya mchikichi yakatumwa vijijini. Anayepokea anatuma kwa wengine, na anayepokea anajua anaitwa.

Maelfu wakamiminika Oloko, wakamkalia Okugo. Walivaa kitambaa kifupi kiunoni, nyuso wamezipaka masizi, kichwani wamejifunga majani mabichi, mkononi fimbo zilizozungushiwa makuti. Hayo ndiyo mavazi ya vita. Watu wa Okugo wakawashambulia na kuwajeruhi baadhi yao, na hapo madai yakabadilika: walitaka avuliwe uchifu na afungwe. Kesi ikasikilizwa, Okugo akahukumiwa miaka miwili jela. Ofisa wa wilaya akawatupia wanawake kofia ya chifu, wakaigombania na kuichana vipande. Wasemaji wao watatu, Ikonnia, Nwannedia na Nwugo, walisifika kwa kuongoza mambo bila fujo, na Nwanyeruwa mwenyewe alisisitiza hivyo hivyo.

Tatizo ni kwamba ushindi wa Oloko ulisafiri kwa haraka kuliko busara ya Oloko. Kila eneo lilikuwa na Okugo wake. Tarehe 11 Desemba, mjini Aba, daktari Mwingereza aliwagonga wanawake wawili kwa gari, wakafa. Umati ukavamia maduka ya makampuni ya Kizungu na tawi la benki ya Barclays, na gereza likavunjwa. Aba ni mji wa reli na biashara, ndiyo sababu jina lake lilibaki kwenye majalada, ingawa mambo hayakuanzia pale wala hayakuishia pale. Mahakama za machifu zikabomolewa au kuchomwa moja baada ya nyingine. Ukiangalia walichogusa na walichoacha, utaona hawakuwa wanarusha mawe ovyo: mahakama, kofia, maduka yaliyopanga bei.

Mauaji makubwa yalitokea Utu Etim Ekpo tarehe 15 Desemba, na siku iliyofuata Opobo. Huko Opobo wanawake walikuwa wamekutana na ofisa wa wilaya na kumpa madai yao yaandikwe: wanawake wasitozwe kodi, mali zao zisihesabiwe, wasilipie nafasi za sokoni. Walitaka nakala kwa ajili ya miji yao mbalimbali, na walikuwa pale wakizisubiri. Hebu tulia kidogo hapo. Hao wanaoitwa wafanya ghasia walikuwa wamesimama nje ya uzio wakingoja karatasi zichapwe. Umati ulipousukuma uzio, luteni akaamuru risasi zifyatuliwe. Zaidi ya watu 30 walikufa. Wengine walitumbukia mtoni wakikimbia.

Kwa nini hawakutawanyika mapema walipoona bunduki? Waliamini kwamba askari hawawezi kumpiga mwanamke risasi. Katika desturi walizozijua, mwanamume aliyeinua silaha mbele ya wanawake walioungana alikuwa anajitafutia balaa yeye na ukoo wake. Miaka saba kabla, mjini Nairobi, mwanamke aitwaye Muthoni Nyanjiru aliwaaibisha wanaume waliosita kudai mpinga ukoloni Harry Thuku atolewe rumande, akawataka wavue suruali zao wampe yeye. Naye alipigwa risasi. Himaya ilikuwa moja.

Serikali ilivipiga faini vijiji kabla hata haijauliza kilichotokea. Uchunguzi wa kwanza ukawasafisha maofisa. Makelele yalipozidi, mwaka 1930 ikaundwa tume kubwa chini ya Jaji Mkuu Donald Kingdon, ikiwa na mawakili wawili Wanigeria, Kitoyi Ajasa na Eric Moore. Mwanamke hakuwemo. Hata hivyo wanawake walikuja kutoa ushahidi mmoja baada ya mwingine, na maneno yao yalinukuliwa na kuchapishwa. Tunajua swali la Nwanyeruwa leo kwa sababu alilirudia mbele ya watu waliokuwa wanaandika.

Aliyekabidhiwa kusafisha nyumba alitoka kwetu. Donald Cameron alikuwa Gavana wa Tanganyika tangu 1925, yule yule aliyejenga mamlaka za wenyeji na kuwapa machifu hazina na mabaraza. Mwaka 1931 alihamishwa kutoka Dar es Salaam kwenda kuwa Gavana wa Nigeria, nchi aliyokuwa ameitumikia kabla ya kuja huku. Huko kusini-mashariki alikuta kwamba chifu wa kubandika hashiki. Maofisa wakatumwa vijijini kuuliza swali ambalo lilipaswa kuulizwa miaka 20 kabla: nyinyi mlikuwa mnajitawala vipi? Mageuzi ya 1933 yakawaondoa machifu wa hati, mahakama zikarudishiwa wazee wengi kwa pamoja, na sehemu chache wanawake wakapata viti.

Kodi ya wanawake haikuletwa. Ya wanaume haikufutwa, wakaendelea kuilipa, na bila shaka nyumba nyingi mke aliendelea kuchangia kwa fedha za kokwa.