Bunge kongwe, kura changa: Waingereza walivyofika kwenye sanduku la siri

Kwenye semina za elimu ya mpiga kura, Uingereza ikitajwa, hakosi mshiriki wa kusema kwamba huko ndiko uchaguzi ulikoanzia. Kuhusu Bunge, ana hoja. Mwaka 1265 kabaila Simon de Montfort, ambaye mwaka uliotangulia alikuwa amemshinda vitani na kumteka Mfalme Henry III, aliitisha kikao cha maaskofu, mabwana wakubwa, waungwana wawili wawili kutoka kila kaunti na, jambo lililokuwa geni, wawakilishi wa miji. Lakini kura ya kila mtu mzima, mwanamume na mwanamke kwa masharti yaleyale, Waingereza wameipata mwaka 1928. Wapo vikongwe waliozaliwa kabla ya hapo ambao bado wako hai.

Katikati kuna miaka zaidi ya 660, na kwa sehemu kubwa ya miaka hiyo kura haikuwa haki ya mtu. Ilifuata mali. Sheria ya mwaka 1430 ilisema anayepiga kura katika kaunti awe na ardhi yake mwenyewe inayomwingizia angalau shilingi 40 kwa mwaka, na haikuficha sababu: watu wengi mno wasio na kitu walikuwa wanajitokeza kuchagua. Kipimo hicho kilidumu miaka 400. Mijini kila mji ulikuwa na desturi yake. Pengine walipiga kura wanachama wa vyama vya mafundi na wafanyabiashara, pengine wamiliki wa viwanja fulani tu, na pengine mwanamume yeyote mwenye jiko lake la kupikia, kwa hoja kwamba anayejipikia hamtegemei mtu.

Ramani ya majimbo nayo iliachwa ioze. Old Sarum, karibu na mji wa Salisbury, ulikuwa mji enzi za kale. Kufikia karne ya 18 ulikuwa kilima kitupu chenye magofu na malisho ya kondoo, ila bado ulipeleka wabunge wawili London. Wapiga kura wake hawakufika 20, hakuna aliyeishi pale, na uchaguzi ulifanyika uwanjani, chini ya mti. Ardhi ilikuwa ya ukoo wa Pitt kwa muda mrefu, na William Pitt mkubwa, aliyekuja kuwa waziri mkuu, aliingia Bungeni kwa mara ya kwanza mwaka 1735 kupitia kilima hicho. Dunwich, kwenye pwani ya Suffolk, uliliwa na bahari kipande kwa kipande, nao ukaendelea kuwa na wabunge wawili. Wakati huohuo Manchester, Birmingham na Leeds, miji iliyokuwa inafurika wafanyakazi wa viwanda, haikuwa na mbunge wake hata mmoja.

Na kura yenyewe ilipigwaje? Kwa mdomo, hadharani. Mpiga kura alipanda jukwaa la mbao, akataja jina lake na majina ya anaowachagua, karani akaandika, na umati ulio chini ukashangilia au ukazomea, wakati mwingine ukarusha mayai. Baadaye daftari lilichapishwa na kuuzwa: fulani bin fulani, kazi yake hii, kamchagua yule. Mwenye nyumba, mwajiri na mdai wa madeni wote walijua. Tukio zima halikuwa la siku moja. Huko Westminster mwaka 1784, Charles James Fox alipopigania kiti chake, upigaji kura ulichukua siku 40. Georgiana, mke wa kabaila mwenye cheo cha Duke wa Devonshire, alimfanyia Fox kampeni mitaani, na wachora katuni wa upande wa pili wakaeneza kwamba anawabusu wauza nyama ili wampe kura. Mwaka uliofuata Bunge lilipunguza muda hadi siku 15.

Takrima ndiyo iliyokuwa roho ya uchaguzi. Neno hilo Watanzania wanalielewa bila maelezo, maana tuliwahi kuiingiza kwenye sheria yetu mpaka Mahakama Kuu ilipoifuta mwaka 2006. Mgombea wa Kiingereza alilipia pombe, nyama, riboni, wapiga ngoma, malazi na nauli. Kaunti nzima ya Yorkshire, kubwa kuliko zote, ilikuwa na kituo kimoja tu, mjini York, na mwaka 1807 wagombea walilazimika kuwasafirisha maelfu ya watu hadi huko. Aliyeongoza alikuwa William Wilberforce, mwaka uleule Bunge lilipopiga marufuku biashara ya watumwa. Wapinzani wake wawili inasimuliwa kila mmoja alitumia karibu pauni 100,000, fedha za kutisha kwa wakati ule.

Mageuzi hayakuja kwa hisani. Agosti 16, 1819 makumi ya maelfu ya watu walikusanyika Manchester kudai uwakilishi, na askari wa farasi wakawaingilia kwa mapanga. Zaidi ya watu 10 waliuawa na mamia wakajeruhiwa. Baraza la Malodi lilipoukataa muswada wa mageuzi mwaka 1831, Bristol uliwaka kwa ghasia na ngome ya Nottingham ikachomwa moto. Mwaka 1832, chini ya Waziri Mkuu Earl Grey, sheria ikapita. Majimbo 56 kama Old Sarum yalipoteza wabunge wote, mengine 30 yakapoteza mmoja mmoja, na miji ya viwanda ikapata viti. Mijini, mwanamume anayekaa kwenye nyumba ya thamani ya pauni 10 kwa mwaka akapata kura. Hata hivyo, huko England na Wales ni takriban mwanamume mmoja kati ya watano aliyenufaika. Isitoshe, sheria hiyo ndiyo ya kwanza kuandika waziwazi kwamba mpiga kura wa Bunge ni mwanamume. Kabla yake wanawake walizuiwa na mazoea. Tangu 1832 walizuiwa na maandishi.

Wafanyakazi walioachwa nje waliandika Mkataba wa Watu mwaka 1838. Walidai mambo sita: kura kwa kila mwanamume mzima, kura ya siri, majimbo yanayolingana, mishahara kwa wabunge, kufutwa kwa sharti la mali kwa mgombea, na uchaguzi kila mwaka. Bunge lilitupilia mbali maombi yao mara tatu. Matano kati ya hayo sita leo ni sheria. La uchaguzi wa kila mwaka halikupita, na sidhani kuna anayelililia.

Kura ya siri ndiyo iliyoleta ubishi wa kushangaza kuliko yote. Waliopinga hawakuwa mabwana wa ardhi peke yao. John Stuart Mill, mwanafalsafa na mbunge aliyetetea uhuru maisha yake yote, alishikilia kwamba kura ni amana, na mwenye amana awajibike mbele ya macho ya wenzake. Hoja hiyo si ya kipuuzi. Lakini ilimsahau mpangaji wa shamba. Baada ya uchaguzi wa 1868 huko Wales, wakulima kadhaa walifukuzwa kwenye mashamba ya kupanga kwa sababu walichagua tofauti na mwenye ardhi. Amana gani hiyo, ambayo ukiitimiza unalala nje na watoto? Makoloni ya Australia yalikuwa yameshaanza kutumia karatasi za siri tangu 1856, na mwaka 1872 Uingereza ikafuata.

Jaribio la kwanza lilikuwa uchaguzi mdogo wa Pontefract, Yorkshire, Agosti 15, 1872. Hugh Childers alikuwa ameteuliwa kuwa waziri, na sheria ya wakati huo ilimtaka mbunge akiteuliwa hivyo arudi kwa wapiga kura wake. Pontefract ni mji wa peremende nyeusi za mzizi mtamu uitwao kwa Kiingereza liquorice, zinazopigwa mhuri kiwandani. Masanduku ya kura yalipofungwa kwa lakiri, mhuri uliotumika ulikuwa wa kiwanda cha peremende, wenye picha ya ngome na bundi. Sanduku moja bado limehifadhiwa katika makumbusho ya mji huo, na lakiri yake inaonekana. Watu waliingia, wakapewa karatasi, wakaweka alama ya msalaba kwenye kibanda, wakaondoka. Walioshuhudia walishangazwa na utulivu. Mtu mgeni asingejua kwamba mji una uchaguzi. Childers alishinda kwa kura 658 dhidi ya 578, na kwa mara ya kwanza hakuna aliyeweza kusema nani kamnyima.

Siri hiyo ina mpaka ambao wengi hawaujui. Karatasi ya kura ya Uingereza ina namba, na karani huandika namba ya mpiga kura pembeni ya namba hiyo kwenye orodha. Kumbukumbu hizo hufungwa na kuhifadhiwa mwaka mmoja, na hufunguliwa kwa amri ya mahakama tu, pakiwa na shauri la udanganyifu. Mwaka 1883 sheria nyingine iliweka kikomo cha matumizi ya wagombea. Kwa maoni yangu sheria hizi mbili zilibadili siasa za Uingereza kuliko ile ya 1832 inayosifiwa vitabuni, kwa sababu ununuzi wa kura ulikosa faida: utamlipaje mtu usiyeweza kuhakikisha kachagua nini?

Wanawake walingoja zaidi. Mwaka 1867 Mill huyohuyo alipendekeza muswada uliokuwa mezani useme "mtu" badala ya "mwanamume", akashindwa kwa kura 196 dhidi ya 73. Novemba mwaka huo, Lily Maxwell, mwanamke mwenye duka Manchester, alijikuta kwenye daftari kwa makosa, kwa kuwa alilipa kodi ya jengo. Akaenda kituoni na kumchagua Jacob Bright, mtetezi wa kura kwa wanawake. Tunajua alimchagua nani kwa sababu kura ilikuwa bado ya mdomo. Mwaka uliofuata mahakama ilifunga mlango huo.

Hadi Vita Kuu ya Kwanza takriban wanaume wanne kati ya kumi hawakuwa na kura, wakiwamo wengi waliopelekwa mahandakini. Isingewezekana kuwaambia waliorudi kwamba hawana sifa. Sheria ya 1918 iliwapa kura karibu wanaume wote wa miaka 21, na wanawake wa miaka 30 wenye sharti la mali, na wapiga kura wakapanda kutoka chini ya milioni 8 hadi zaidi ya milioni 21. Desemba 14 mwaka huo nchi nzima ilipiga kura siku moja kwa mara ya kwanza. Mwanamke wa kwanza kuchaguliwa, Constance Markievicz wa chama cha Sinn Féin, alikuwa gerezani Holloway na hakukikalia kiti chake. Nancy Astor ndiye aliyekalia kiti mwaka 1919, na mwaka 1928 umri wa wanawake ukashushwa hadi 21. Umri wa miaka 18 ulikuja kwa sheria ya 1969.

Kilichobaki cha zamani kilikuwa kura zaidi ya moja. Mhitimu wa Oxford aliweza kupiga kura nyumbani na nyingine kwenye jimbo la chuo kikuu, na mwenye biashara kwenye mtaa wa biashara yake. Bunge lilifuta hilo mwaka 1948. Miaka tisa baadaye, Machi 1957, serikali hiyohiyo ilisimamia uchaguzi wa kwanza wa wabunge Waafrika nchini Kenya, ambapo mwenye elimu, kipato au cheo cha kutosha aliweza kupewa hadi kura tatu na asiye na sifa hizo hakupewa hata moja. Tanganyika mwaka 1958 ilipangiwa masharti ya elimu au kipato cha pauni 150 kwa mwaka, na kila mpiga kura alilazimika kuchagua watu watatu, Mwafrika, Mwasia na Mzungu. TANU, chama kilichopigania uhuru, iligombana yenyewe kwa yenyewe Tabora kuhusu kushiriki, na Zuberi Mtemvu, mmoja wa wanachama wake, akajitoa. Nadhani mtu aliyesoma habari za shilingi 40 za mwaka 1430 hawezi kuyaona masharti hayo kuwa mageni.

Kurithi hakukuishia hapo. Uingereza huchagua mbunge mmoja kwa kila jimbo, na anayeongoza hata kwa kura moja huchukua kiti. Ni "wengi wape", ila wengi wa jimbo si lazima wawe wengi wa nchi. Mwaka 1951 chama cha Labour kilipata kura nyingi kuliko Conservative nchi nzima, na Conservative ndio walioshika serikali. Julai 1963 huko Zanzibar, chini ya mfumo huohuo, chama cha ASP kilipata takriban asilimia 54 ya kura na viti 13 kati ya 31. Muungano wa vyama vya ZNP na ZPPP ukaunda serikali. Mapinduzi yalifuata baada ya miezi sita. Yalikuwa na sababu nyingi, lakini hesabu ile ni mojawapo. Waingereza wenyewe waliulizwa mwaka 2011 kama wabadili mfumo, na thuluthi mbili wakakataa. Mwaka 2024 Labour ilipata karibu asilimia 34 ya kura na viti zaidi ya 400 kati ya 650.

Jambo moja linawagusa moja kwa moja wasomaji wetu walioko huko. Raia wa nchi za Jumuiya ya Madola wanaoishi Uingereza kihalali wanaruhusiwa kuchagua wabunge wa Uingereza bila kuomba uraia. Kwa hiyo Mtanzania, Mkenya, Mganda na Mnyarwanda wana kura. Raia wa Burundi, Kongo na Oman hawana, kwa kuwa nchi zao si wanachama. Kujiandikisha hufanyika mtandaoni au kwa fomu, na mwisho ni siku 12 za kazi kabla ya uchaguzi. Tangu sheria ya 2022, anayekwenda kituoni sharti aoneshe kitambulisho chenye picha. Pasipoti ya nchi ya Madola inakubalika, hata kama muda wake umekwisha, mradi picha bado inafanana na mwenye nayo.