Mpasuko: maradhi ya jini mwenye ahadi mbili

Wachezaji wapya wakijiunga na mchezo wetu wa kusimulia hadithi, swali la kwanza huwa lile lile: jini mwenye mpasuko tunampungaje? Hapungwi. Maradhi haya nimeyabuni mimi, na kwa kuwa mchana nauguza wagonjwa wa akili hapa Moshi, sikutaka tupate jini mpole asubuhi na katili jioni. Hadithi za nusu njema na nusu mbaya zimenichosha. (Na hapana, jina halikutoka Pasua, mtaa wa hapa mjini.)

Kwanza tuachane na pepo. Anayepandisha pepo ni kiti: kuna mtu, na kuna mgeni aliyemkalia. Mganga humuuliza mgeni jina lake na anachotaka, wakaelewana au akamtoa. Kwenye mpasuko hakuna mgeni. Ni jini mmoja aliyegawanyika, na kila upande ni mwenyeji. Ukitoa mmoja, umemfukuza mwenye nyumba.

Kwa binadamu, hali iliyo karibu na hii ndiyo ambayo mwongozo wa chama cha madaktari wa akili wa Marekani uliiita mwaka 1980 ugonjwa wa nafsi nyingi. Mwaka 1994 jina likabadilishwa, kwa kuwa wataalamu hawakuiona tena kama watu kadhaa ndani ya mwili mmoja, bali nafsi moja iliyoshindwa kuungana. Mara nyingi inahusishwa na mateso ya utotoni. Si skizofrenia, ambayo ni ugonjwa mwingine wa akili, ingawa mtaani vinachanganywa kila siku. Kutoka huko nimechukua jambo moja tu: yanayokumbukwa upande mmoja huenda yasifike upande wa pili. Mengine nimeyaacha huko huko, maana majini wetu hawana utoto.

Kinachomshikilia jini kwenye mchezo ni ahadi. Watu humpa cha kunywa na kumtaja kwa jina, naye hulinda maji yao. Mpasuko huja pale maji hayo hayo yanapodaiwa na pande mbili zisizosikilizana, kila upande ukimpa jina lake na kutaka awe wao peke yao.

Jini wa Ziwa Chala ndiye mgonjwa wetu mkuu. Yeye ni wa kubuni, ziwa ni la kweli, liko mashariki ya Kilimanjaro. Ni maji ndani ya kreta, kina chake kinapita mita 90, na huoni mto ukiingia wala ukitoka. Maji hupita chini kwa chini, na mengi ni mvua iliyonyesha juu mlimani. Mpaka wa Tanzania na Kenya unakatiza ziwani, mpaka ambao asili yake ni makubaliano ya Waingereza na Wajerumani ya mwaka 1886. Kingo zina wenyewe wawili, maji ni yale yale. Sikuhitaji kubuni zaidi ya hapo.

Kupima ni hivi. Mganga anashuka ukingoni upande wa Rombo, Tanzania, kata ya mbege (pombe ya ndizi) mkononi, anamwita jini kwa jina la upande huo.

“Shikamoo babu.”

“Marahaba mjukuu wangu.”

“Jana ulikunywa kwa nani?”

Jini hawezi kudanganya kuhusu alichopokea. Aliye mzima atataja watu wa ng'ambo bila kigugumizi. Mwenye mpasuko atasema hajaonja kitu tangu masika, ana kiu, na kwa upande wake anasema kweli. Wakati huo asali aliyopewa jana upande wa Taveta, Kenya, imemgandia ndevuni, nyuki mmoja anahangaika nayo.

Mganga mwenye papara humwonyesha zile ndevu. Usifanye hivyo. Jini akisukumiwa ushahidi wa nusu asiyoijua, hung'ang'ania ahadi yake zaidi, na kanuni inakutoza pointi mbili. Ukimpunga ndiyo balaa: nusu inayoondoka inaondoka na njia zake za chini kwa chini, ziwa linashuka, na aliyebaki anadaiwa maji asiyoweza kuyajaza.

Tiba iko kwenye madeni. Orodhesha kila upande umeahidi nini, kisha omba kila nusu imlipie mwenzake deni moja dogo. Nusu ya Rombo imrudishe mbuzi wa Taveta aliyeteleza kwenye ukuta wa kreta, kwa mfano. Kila deni likilipwa, kumbukumbu ya jambo hilo moja tu inavuka. Kazi ni ya polepole, na ndivyo ilivyo hata kwa watu: matibabu ni mazungumzo ya muda mrefu, hakuna kidonge cha kuiponya hali yenyewe, ingawa dawa husaidia sonona na wasiwasi vinavyoandamana nayo. Wengine hawafikii kuwa kitu kimoja, wanaishia kwenye maelewano kati ya pande zao. Wachezaji hulalamika kwamba mwisho huo si ushindi. Pointi zake ni zile zile, na sizipunguzi.

Mbona majini wa mifongo, ile mifereji ya maji ya Wachagga, hawaugui, na mfongo mmoja hugawa maji kwa mashamba mengi? Kwa sababu mfongo una zamu. Kila mtu anaijua siku ya jirani yake, wanausafisha pamoja, na jini wanamwita kwa jina moja. Lakini mtu akichimba mchepuko usiku na kuanza kumpa jini kinywaji kwa siri, chukueni kadi ya Chala mwanzie kwenye kupima.