Goti halijaishiwa glukosamini

Wengi huamini goti huuma kwa sababu mwili umepungukiwa na glukosamini, aina ya sukari inayotumika kujenga gegedu (tishu laini inayofunika ncha za mifupa kwenye kiungo), na kwamba vidonge hujaza pengo. Seli haziisubiri dukani. Kimeng'enya (protini inayoharakisha mabadiliko ya kikemia) kiitwacho GFAT huchukua fruktosi-6-fosfeti, inayotokana na glukosi, na kuiongezea kundi la amino kutoka kwenye glutamini, hupatikana glukosamini-6-fosfeti. Hatua chache mbele huwa UDP-GlcNAc, mojawapo ya malighafi za gegedu. UDP-GlcNAc ikirundikana, huigeukia GFAT na kuipunguzia kasi. Glukosamini-6-fosfeti ya ziada nayo hubomolewa na kimeng'enya kingine, GNPDA, hurudi kuwa fruktosi-6-fosfeti na kutoa amonia.

Ukimeza miligramu 1,500, dozi ya kawaida ya siku, damuni hufika takriban mikromoli 10 tu kwa lita, huku glukosi ikiwa kama 5,000. Tone kando ya ndoo, basi.

Jaribio la GAIT la Marekani (2006), lenye watu 1,583 kwa wiki 24, halikuona glukosamini ikituliza maumivu ya goti kuliko kidonge bandia kwa kundi zima. Anayetumia warfarini, dawa ya kuzuia damu kuganda, amwone daktari kwanza: damu yaweza kuchelewa zaidi kuganda.