Kwale wa Shanghai: mikono ya Zheng Zhegu

Nikifundisha historia ya sinema ya Kichina, huwa naanza na tikiti maji.

Tikiti lenyewe limo katika filamu bubu ya dakika 20 na ushei, iliyopigwa Shanghai mwaka 1922 na kampuni ya Mingxing. Kwa Kiswahili tungeiita "Mapenzi ya Kibarua", na ndiyo filamu ya hadithi ya Kichina ya zamani kuliko zote zilizobaki nzima hadi leo. Muuza matunda anachukua msumeno na kulipasua tikiti kama anayepasua ubao. Kisha anashika randa, anamenya muwa. Kabla ya kufungua genge alikuwa fundi seremala, na zana zake hajaziacha.

Mwigizaji huyo ni Zheng Zhegu. Kwa Kichina, zhegu ni kwale, yule ndege wa vichakani. Wengi humtaja kwa mstari mmoja, kisha wanahamia kwa mwongozaji Zhang Shichuan, au kwa Zheng Zhengqiu, aliyeandika hadithi na kuigiza tabibu. Naona wanamdhulumu. Zhegu alikuwa mmoja wa watu watano walioianzisha Mingxing mwaka huohuo, na filamu hii yote imebebwa na mikono yake.

Tazama kile kijisanduku cha wino. Fundi wa Kichina hupigia mstari kwa uzi unaopita kwenye wino na kuzungushwa kwenye gurudumu dogo. Zhegu anautumia uzi huo kumpelekea matunda binti wa tabibu, ng'ambo ya pili ya njia, nao unamrudia na leso. Mara nyingine unakuja na miwani ya baba mtu. Anaivaa, na kamera inatuonyesha anachokiona yeye: ukungu mtupu. Mwaka 1922 huo! Kila nikifika hapo nasimamisha picha, nairudisha, darasa zima litazame tena.

Tabibu hana wagonjwa, na sharti lake la kumtoa binti ni moja: biashara yake ichangamke. Basi fundi anaichezea ngazi ya klabu ya juu, ambayo kelele zake za usiku zimemnyima usingizi. Akivuta, vidato vinalala na ngazi inakuwa mtelezo. Wacheza kamari wanaporomoka mmoja mmoja, na wote wanaishia kwa tabibu, huyu kashika kiuno, yule shingo. Harusi hiyo.

Mwaka uliofuata Zhegu aliigiza babu katika "Yatima Amwokoa Babu", filamu iliyojaza kumbi na kuinyanyua Mingxing, ambayo hali yake ya fedha ilikuwa mbaya. Natamani sana kuiona, nilinganishe uzee ule na ujana huu wa genge la matunda, lakini filamu hiyo imepotea. Mwenyewe alifariki mwaka 1925. "Mapenzi ya Kibarua" ipo mtandaoni, bure. Ukiifungua, usimtazame usoni kwanza. Tazama anavyoishika randa.